Jike Aliyesogea Mbele

Mzee Clement alikufa mwezi wa kumi, siku mbili baada ya theluji ya kwanza. Kabla hata maiti haijarudi kutoka mjini, shangazi yangu Verna, mjane wake, alikuwa amesimama kwenye mlango wa jiko langu, viatu vimejaa matope, hodi hajapiga.

"Lorna," akasema, "nataka nyati wa kulishia watu."

Sikumuuliza nyati gani wala watu wangapi. Kwetu sisi Wanakoda, wenyeji asilia wa tambarare hizi za Amerika Kaskazini, mfiwa haombi. Mfiwa anasema, na wewe unatafuta funguo za gari. Tena huyu hakuwa mfiwa wa hivi hivi, kwa maana mumewe ndiye aliyewarudisha nyati. Miaka thelathini Mzee Clement alizunguka kwenye mikutano amevaa koti lile lile la kahawia, akiwaambia wakubwa wa kila aina kwamba babu yake aliokota mifupa ya nyati kwenye tambarare hizi na kuipakia kwenye mabehewa ikauzwe, ili apate hela ya unga, na kwamba yeye hataki kufa akiwa amebaki na habari za mifupa tu. Watu walimcheka, na wengine walikuwa wa kwetu. Kisha asubuhi moja malori manne yakafika, milango ikafunguliwa, na nyati ishirini na wawili wakashuka kwenye ardhi yetu, wa kwanza tangu enzi za babu huyo. Mzee Clement alilia mpaka akakaa chini kwenye majani. Mimi nikaajiriwa kuwachunga. Hiyo ilikuwa miaka saba nyuma, na mwezi huo aliokufa walikuwa wamefika thelathini na tisa.

Nasema kuwachunga, lakini nyati hachungwi. Unatengeneza uzio, unahesabu vichwa, mengine unamwachia Mungu. Aliyewachunga hasa alikuwa Bibi.

Bibi alikuwa jike mzee, pembe ya kushoto imekatika ncha, mwenye tabia ya kukutazama kwa jicho moja kama mama mkwe. Akilala wanalala, akiinuka wanainuka. Malisho yetu yamekatwa katikati na bwawa refu lililochimbwa zamani na wafugaji wa ng'ombe. Upande wa kaskazini kuna majani mazuri ya kiangazi, lakini baridi ikiingia theluji hugandia juu yake mpaka kwato hazipasui. Upande wa kusini, mgongoni mwa kilima, upepo huifagia theluji yote na majani hubaki wazi. Sasa nyati akitaka kutoka kaskazini kwenda kusini, njia fupi ni kukatiza juu ya barafu. Baridi ya kwanza nilimwona Bibi kwa macho yangu mwenyewe. Alifika ukingoni, akaweka ukwato mmoja, akapuliza pua, akasimama kidogo, kisha akageuka. Akawazungusha wote hadi kwenye tuta la bwawa, karibu maili mbili, mmoja nyuma ya mwingine, ndama katikati. Tangu siku hiyo hakuna nyati aliyegusa barafu. Chini ya bwawa kuna chemchemi, na barafu yake haiaminiki hata Januari. Mimi hilo niliambiwa na mhandisi. Bibi hakuambiwa na mtu.

Kulikuwa na jambo jingine, na hilo ndilo linaloniuma. Nilikuwa nimemzoesha Bibi ndoo ya lishe. Siku za kuchanja nilikuwa nikiitikisa ndoo nyuma ya pikapu yangu, yeye anakuja, na wote wanamfuata hadi zizini bila kelele. Orville, mdogo wa mume wangu, ambaye ndiye mwenzangu wa kazi, hakuniacha nipumue kwa jambo hilo.

"Shemeji, huyo si nyati tena, huyo ni mbwa wako. Siku moja utamkuta sebuleni anaangalia televisheni."

"Afadhali yeye kuliko wewe," nilimjibu. "Yeye akishiba anaondoka."

Asubuhi ya kumtafuta nyati wa matanga tulienda watatu, mimi, Orville na Shangazi, tumebanana kwenye kiti cha mbele. Nyati wa matanga haviziwi. Unashuka, unaweka tumbaku chini, unamtaja marehemu kwa jina, unasema shida yako, halafu unangoja. Atakayetoka kundini akasogea mbele yako na kugeuza ubavu, huyo amejitoa. Wewe huchagui. Ukimkataa aliyejitoa umewatukana wote, na hawatajitoa tena. Mzee Clement mwenyewe ndiye aliyenifundisha, na mara zote nane nilizofanya alikuja fahali wa miaka miwili au mitatu, kwa sababu vijana wa nyati, kama vijana wa watu, wana kiherehere. Kwa hiyo niliegesha pikapu karibu na vijana makusudi. Sioni aibu kulisema.

Niliweka tumbaku. Nikamtaja. Nikasema ukumbi utajaa na mjane hana kitu cha kuwapa. Hata sijamaliza, vijana wakapisha njia, na katikati yao akapita Bibi.

Alikuja polepole, akasimama hatua kama ishirini kutoka nilipokuwa. Akageuza ubavu.

Orville alikuwa ameteremsha kioo cha dirisha, ametoa kichwa nje. Nilirudi kwenye gari.

"Si yeye," nikasema. "Huyu amezoea gari. Anafuata ndoo."

"Umetikisa ndoo?" Shangazi akauliza.

"Sijatikisa."

"Ndoo imo humu?"

"Iko nyumbani."

"Sasa anafuata ndoo gani?"

Nikawasha gari, nikazunguka kundi hadi upande wa pili, nikazima. Tukakaa. Bibi akatuangalia, akakatiza katikati ya wenzake taratibu, akaja tena. Akasimama tena. Ubavu tena.

"Lo," akasema Orville. "Shemeji, mimi simo."

"Shangazi," nikasema, "huyu ndiye anayewaongoza. Baridi inaingia. Kuna bwawa. Ngoja kidogo, atakuja fahali."

"Nyati walikuwepo kabla ya bwawa," akasema. "Kabla yako wewe na ndoo yako."

"Najua, lakini..."

"Lorna, mwanangu." Akanishika mkono. "Clement amelala pale ukumbini na lile koti lake. Miaka thelathini. Ulidhani angekuja nani kumchukua? Kitoto cha juzi? Mkubwa amekuja kumpokea mkubwa mwenzake. Usimwaibishe."

Ningeweza kusema hapana. Nimeligeuza jambo hili mara nyingi kuliko nilivyogeuza mikate maisha yangu yote. Sisemi Bibi hakujitoa. Mimi ni nani niseme. Lakini moyoni nilijua anafuata gari, gari langu, kwa uzoefu niliomtia mimi, na sikupata mdomo wa kumwambia mjane kwamba heshima aliyoiona imemjia mumewe ni tamaa ya vidonge vya lishe. Nikachukua bunduki. Nilimpiga nyuma ya sikio, kama inavyotakiwa, akaanguka bila hata kukoroma.

Ukumbini walikuja watu mia tatu. Vyungu vinne vilichemka, mkate wa kukaanga ukaja kwa mabeseni, na supu tamu ya matunda ya porini ikanywewa hadi ya mwisho. Mpwa mmoja alisimama akasimulia jinsi jike mkuu alivyosogea mbele mara mbili, mara mbili jamani, na wazee wakafuta machozi kwa furaha. Watu walinipa mkono. Orville alinong'ona, "Kufa kufaana, shemeji, leo wewe ndiye malkia," halafu akaona uso wangu akaenda zake. Nyama ilikuwa ngumu. Niliila yote niliyopakuliwa, kwa sababu kuibakiza ingekuwa matusi.

Mwezi wa kumi na moja kundi likaanza kuparaganyika. Majike watatu waligombania kutangulia, na hakuna aliyeshinda. Leo wako huku, kesho nusu yao wako kule, ndama wanalia katikati. Nikaenda kwa wakubwa wa kabila kuomba uzio wa kuzunguka bwawa. Hawakunikatalia. Waliniambia kitu nilichokijua, kwamba ardhi imekwisha ganda na nguzo hazitashika mpaka majira ya kuchipua. Nikarudi nimeshika kofia mkononi kama niliyefukuzwa, na hakuna aliyenifukuza.

Tukajaribu kuwahamisha kusini kwa ndoo. Niliitikisa pale kwenye tuta mpaka bega likafa ganzi. Waliinua vichwa, wote. Wakaisikia vizuri sana. Kila mmoja akamtazama mwenzake nani aanze, na hakuna aliyeanza, wakarudi kufukua majani chini ya theluji. Walikuwa wamemzoea Bibi, ndoo hawakuizoea kamwe. Tukajaribu kuwasukuma kwa magari. Wakapasuka makundi matano wakakimbilia kila upande, na mmoja nusura ageuze pikapu ya Orville juu chini. Mwisho tukafunga kamba yenye umeme wa betri kwenye ukingo wa kaskazini, tukaining'inizia vitambaa vyekundu.

Orville akaitazama. "Hii itawazuia sungura," akasema. "Sungura wenye adabu."

"Una wazo jingine?"

"Sina, shemeji."

"Basi funga vitambaa."

Kabla ya Krismasi ukaja ule upepo wa joto unaoshuka kutoka milimani. Siku tatu mabati yalidondosha maji na barafu ya bwawa ikageuka rangi ya kijivu. Siku ya nne baridi ikarudi kwa hasira, na theluji ikaanguka siku mbili mfululizo, ikalala juu ya bwawa, juu ya kamba, juu ya vitambaa, mpaka usingeweza kusema bwawa linaanzia wapi. Nilitoka nyumbani kulipokucha tu. Njia ambayo huwa naimaliza kwa dakika ishirini ilinichukua saa nzima na koleo mkononi. Nilipofika kwenye mwinuko wa kaskazini niliwaona, thelathini na wanane, wakiteremka kuelekea kusini. Walikuwa na njaa. Kamba waliipita bila kujua kuwa ipo.

Sikiliza hali niliyokuwamo. Nikipiga honi watashtuka, na nyati akishtuka hukimbilia mbele, na mbele ni barafu. Nikinyamaza watatembea. Niliteremka mbio kwa miguu nikitaka niwapite kwa pembeni, theluji inanifika magotini, na hata kama ningewapita sijui ningewafanya nini, mwanamke mmoja wa miaka hamsini na mbili na bunduki begani. Mmoja wa wale majike watatu akafika ukingoni. Akasimama. Nikasema kimya kimya, pima, mama, weka ukwato upime. Hakupima. Nani angemfundisha? Miaka yote alikuwa anatembea nyuma ya mkia wa mwingine.

Walifuatana vizuri mwanzoni. Sita walifika ng'ambo kabisa, nikaanza kudhani Mungu ana huruma. Kisha katikati barafu ikatoa sauti, jike mmoja akazama hadi shingoni, na ndama wake akabaki ukingoni mwa shimo akilia.

Kilichofuata wala sikukishangaa, na hilo ndilo baya zaidi. Nyati hamwachi aliyeanguka. Kila anayechukua nyati wa matanga anajua kwamba baada ya risasi unakaa garini ungoje, maana wenzake watamzunguka, watamnusa, watamwinua kwa pembe, saa nzima pengine, mpaka waage. Tunawaheshimu kwa hilo. Tunawaambia watoto wawe hivyo. Sasa wale waliokuwa njiani wakasogea kwenye shimo. Shimo likapanuka. Na wale sita waliokwisha vuka, waliokuwa salama juu ya ardhi kavu na majani miguuni, wakageuka wakarudi.

Nilipiga kelele hapo. Nikapiga risasi hewani, nikamtukana Mungu, Mzee Clement na mimi mwenyewe. Hakuna aliyenigeukia. Waliingia mmoja mmoja wakijaribu kumtoa mwenzao, na vichwa vyao vilikuwa vikubwa sana juu ya maji yale meusi. Hawakupiga kelele kama nilivyokuwa napiga mimi. Walihema tu, mvuke unatoka puani, halafu mvuke ukawa unapungua. Nilihesabu kwa sababu ni kazi yangu kuhesabu. Ishirini na saba.

Kumi na mmoja walikuwa bado upande wangu, wale wa mkiani, wengi wao mama wenye ndama wa mwaka ule. Nikampigia Orville simu.

"Wamezama," nikamwambia.

"Wangapi?"

"Orville, leta mageti ya zizi, yale ya chuma, yote. Wamebaki kumi na mmoja na wako ukingoni."

"Barabara imefunikwa. Naja kwa trekta. Saa moja, shemeji. Usiwaache waende."

"Niwazuie na nini?"

"Sijui," akasema. "Usiwaache tu."

Nilisimama kati ya wale kumi na mmoja na shimo, juu ya theluji, nimenyoosha mikono. Hawakuniogopa na hawakunichukia. Waliangalia nyuma yangu, kule kwenye maji. Nilizungumza nao. Niliwaimbia hata wimbo wa kumbembeleza mtoto, kwa sauti ambayo haijawahi kumlaza mtoto yeyote. Labda nusu saa ilipita hivyo. Halafu jike mmoja, wa miaka minne hivi, mwenye mimba kama majike wenzake, akapuliza pua akaanza kuja. Hakuharakisha. Alikuwa anakwenda kwa wenzake, na mimi nilikuwa kitu kidogo kilichosimama njiani. Nyuma yake wa pili akainua mguu, kisha wa tatu.

Nilirudi nyuma hatua, nikarudi nyingine, nikasikia chini ya buti langu barafu inaguna.

Nimesema nyati hamwachi aliyeanguka. Akianguka juu ya ardhi kavu, hapo ukingoni, wengine watabaki naye. Saa nzima pengine. Wazo hilo lilinijia lenyewe, baridi kabisa, na sikuwa na jingine. Tumbaku ilikuwa garini. Marehemu wa kumtaja sikuwa naye, au nilikuwa nao ishirini na saba, na sikumtaja hata mmoja. Yule jike hakunigeuzia ubavu. Alikuwa ananitazama usoni, anataka nimpishe.

Nilipiga. Alipiga magoti mbele yangu, akalala.

Wale kumi wakasimama. Kisha wakamzunguka, kama nilivyojua watamzunguka, wakaanza kumsukuma kwa vichwa vyao ili ainuke. Ndama mmoja akamlamba sikio. Nilikaa kwenye theluji nikawatazama wakihangaika naye, na kila alipotikisika kwa kusukumwa nao niliomba asife haraka kwao, wamshughulikie, wasichoke.

Orville alifika na trekta, tela limejaa mageti, na kando yake ameketi Shangazi Verna amejifunga blanketi. Nyumba yake iko kando ya njia, alipolisikia trekta alitoka akalisimamisha, na Orville asingeweza kumkatalia, kama mimi nisivyoweza. Alishuka bila kusaidiwa. Alilitazama lile shimo kwa muda mrefu, na vile vitu vyeusi vilivyokuwa vinaelea ndani yake. Kisha akawatazama wale kumi na aliyelala katikati yao. Akafungua mfuko wake wa tumbaku na kuja kwangu, akisema kwa sauti ya taratibu, kama yuko matangani.

"Nani huyo aliyejitoa?"

"Hakuna aliyejitoa, Shangazi," nikamwambia. "Huyu nimemuua mimi. Na yule wa matanga pia."

Mdomo wake ulifunguka, lakini Orville alikuwa ananiita. Nikainuka nikaenda kushika upande wa pili wa geti, kwa sababu wale kumi walikuwa wameanza kuinua vichwa.